Maneno Niliyomwekea Mama wa Pichani

Faida, mke wangu,

Kuna jambo nililokuficha tangu Lubumbashi hadi ulipofia hapa ugenini, Rosettenville. Ninaliandika katika barua ya wazi, ili dada zako na wote waliokucheka walisome.

Unakumbuka zile Jumapili, tulipotundika shuka katika ukumbi wa kanisa la hapa na kuonyesha sinema za kale za Kifaransa, zisizo na sauti? Mke anafua, mume anaunguza supu, mtoto analia bila kusikika. Watu waliamini kwamba mimi, mwalimu wa Kifaransa, nasoma midomo yao. Nilikuwa natunga tu. Wewe peke yako ulijua, na ulinifinya mkono kila nilipozidisha uongo.

Siku ile mama wa pichani alikuwa akimlisha mtoto uji. Mama Esther akapaza sauti, "Eish, mwalimu! Huyu mama ni mama ya nani?"

"Mama Faustin," nikajibu. "Huyu amezaa. Si kama madame wangu, anapika sufuria kubwa na walaji hakuna."

Wakacheka, wengine wakipiga viti. "Mwalimu, leo utalala njaa!"

Nawe ulicheka kidogo, kisha ukajifunga kitenge chako vizuri na kutoka. Pale kila mwanamke aliitwa kwa jina la mwanawe. Wewe uliitwa madame, na nilijua jinsi neno hilo lilivyokuchoma.

Nyumbani hukunigombeza. Ulisema tu, "Hata wazungu wasiosema umewapa maneno ya kunitukana." Hukukanyaga tena ukumbini. Mimi niliendelea, na nilisifiwa.

Sasa mapafu yangu yamechoka. Vijana wa kanisa wananiletea chakula na kuniita baba, na kila wanapolitaja jina hilo natamani waondoke. Dada zako walikuita tasa mbele yangu, mezani kwetu, nami nikaendelea kula. Ulikunywa mizizi michungu miaka na miaka. Mimi ndiye niliyekushikia kikombe.

Sikuombi msamaha. Ulikuwa na huruma mno. Ungenipa, nami ningeupokea kama nilivyopokea makofi ya ukumbini. Pumzika, Faida.

Baada ya vipimo vyetu vya uzazi kule Lubumbashi, daktari aliniita peke yangu. Alisema wewe ni mzima. Tasa ni mimi.

Mume wako