Violini ya Kwanza ni ya Uwamariya

Kamembe, Jumatatu

Kaka Fabien,

Huku mpunga umestawi, na Maman anakusalimu. Sasa nikujibu. Ulisema nimepoteza maisha kwa kufundisha watoto wa wakulima violini, na kwamba muziki wangu utakufa pamoja na vidole vyangu. Umekosea mara mbili! Jana, katika kanisa la Cyangugu, wanafunzi wangu wanne walipiga bila mimi, na violini ya kwanza, ile inayoongoza wenzake, aliishika Uwamariya, binti wa mkulima wa Bugarama. Akina mama walipiga vigelegele katikati ya muziki. Ninyi huko Liège, Ubelgiji, endeleeni kukaa kimya kwenye kumbi zenu na kukohoa.

Vidole viwili vya mkono wangu wa kushoto vimekufa ganzi. Daktari hana dawa. Usinililie.

Jana pale kanisani mzee mmoja aliuliza kwa sauti, "Huyu mutoto, nani alimufundisha?"

Nikainua mkono, ule ule wa kushoto.

Dada yako mbishi,
Honorine