Foleni Mbele ya Mlango Usiokuwepo

Ujiji, Jumanne

Kaka Telesphory,

Shikamoo. Mama hajambo, mguu unapona, na mihogo ya shamba la Simbo tumeshavuna.

Jumamosi kikundi chetu kiliigiza ile tamthilia ya kibwege pale Mwandiga. Watu wanapanga foleni mbele ya mlango ambao haupo, na afisa anamuuliza kila mmoja, "Wewe ni nani?" Kila jibu analikataa. Watazamaji walicheka sana, halafu wakanyamaza kabisa.

Jana wanaume wawili walikuja nyumbani.

"Huyo afisa ni nani?"

"Si mtu yeyote," nikasema. "Ni ubwege tu, hauna maana."

"Kama hauna maana, mbona watu walinyamaza?"

Wakauliza nani ameandika. Kaka, nusu aliandika Calixte wa kikundi chetu, na unajua wazazi wake walitoka Burundi, karatasi zake bado hazijakamilika. Nikasema nimeandika peke yangu.

Wameniita kituoni Alhamisi asubuhi. Mama sijamwambia. Nisipokupigia simu hadi jioni hiyo, njoo umchukue mwanangu Happiness. Mwambie niko mazoezini.

Mdogo wako,
Regina