Nyumba ya Rukia na Kisiwa cha Nne

Kaloleni, Nairobi
Jumapili, baada ya alasiri

Mama yangu mpenzi,

Kwezi, Mama, kama tunavyoamkiana huko kwetu Nzwani, na juu yake nakuwekea shikamoo ya Unguja uliyolelewa nayo. Goti linaendeleaje? Na ile mvua, iliingia tena jikoni? Mimi mzima. Baridi ya huku inanilaza na soksi, lakini nakula, naswali, na kazi ipo.

Najua macho yako hayazipati tena herufi ndogo, na anayekusomea barua hii ni mdogo wangu Saidi. Basi nasema mapema: Saidi, usiruke mstari. Kila nikikupigia simu nikitaja Maore, mtandao unakuwa mbaya ghafla. Karatasi haina mtandao. Soma kwa sauti, na dada yako Rukia akae karibu asikie.

Mama, Saidi amepanga kuvuka bahari kwenda Maore, kule kwa Mfaransa, kwa kwasa, ile mitumbwi ya mashine inayopakia watu kwa siri. Hakukwambia wewe. Aliniambia mimi, akanitaka nifiche, nami nimekataa. Anasema atafanya vibarua huko mpaka nyumba ya Rukia ipate paa, maana marehemu Baba alituachia kuta tupu, na kwetu bwana arusi haingii nyumba isiyokwisha. Nia yake ni njema, siipingi. Njia ndiyo siitaki, na sitaitaka.

Sasa nikueleze yaliyonipata, ucheke kidogo kabla hujamkasirikia mwanao.

Unajua nashona viatu pale soko la Kariokor, vya ngozi na vile vya matairi wanavyoviita akala. Tajiri wangu ni Mzee Wafula, Mluhya wa Bungoma, mtu wa kanisa, sauti yake ya kukemea lakini moyo wake mpana. Wenzangu wengi ni watu wa huko huko magharibi ya Kenya. Wananiita Mombasa, kwa sababu kwao kila mwenye kofia na Kiswahili laini lazima ametoka Mombasa. Nilisahihisha mpaka nikachoka, sasa naitika.

Siku aliyonipigia Saidi na habari zake, sindano ilinishinda. Mzee Wafula akaniuliza nina nini. Niliona haya kumtaja Saidi, nikajibu tu kwamba ni habari za dada yangu Rukia, kwamba nyumba yake lazima imalizwe upesi na mimi niko mbali. Mzee akavua miwani, akaifuta, akaniambia niende nikapumzike.

Mama, sikujua nimesema nini. Hawa wenzetu, mtu mzima akifa hana nyumba yake, hujengewa moja ya haraka nyumbani kwao ndipo azikwe kwa heshima. Ukiwaambia nyumba inatakiwa upesi, wao wanasikia msiba. Na habari ya msichana kujengewa nyumba na ndugu zake, naye yu hai na anasubiri kuolewa ndani yake, hiyo hawajapata kuisikia. Kwao anayejenga ni mwana wa kiume, na bibi arusi ndiye huhama.

Jioni ile nikasikia nyimbo za kanisa mlangoni. Kufungua, karakana nzima imesimama nje, na akina mama wa mtaa wetu nyuma yao, wamebeba sukari, majani ya chai, unga, na kuku anayepiga kelele kwapani mwa mtu. Mama Nekesa, anayetuuzia chai kazini, alinikumbatia akalia machozi ya kweli.

"Pole sana, kijana yetu. Mwili iko wapi?"

"Mwili wa nani?"

"Wa sista yako."

Nilikaa chini hapo hapo. Nikawaambia Rukia yu hai, mzima wa afya, na ana maneno kuliko nyinyi nyote. Nyumba ni ya arusi. Fundi mmoja mrefu, Otieno, akauliza pole pole, "Sasa sisi tumelilia nani?" Mzee Wafula alicheka mpaka akashika ukuta. Akasema hata yeye alishangaa msichana kujengewa, akajisemea labda ndiyo desturi ya Mombasa.

Basi tukapika chai ya rambirambi tukainywa kwa kicheko. Lakini wakataka kujua, kama si Mombasa, nimetoka wapi hasa. Nilikuwa na kipande kikubwa cha ngozi chumbani, nikachukua chaki. Nikawachorea pwani ya Afrika upande mmoja na Bukini, ndiyo Madagaska, upande wa pili, na katikati visiwa vyetu vinne. Mama Nekesa akauliza kama hiyo siyo Shelisheli. Nikamwonyesha Shelisheli iko kaskazini na mashariki, na Morisi nyuma ya Bukini, kila kimoja na serikali yake. Sisi ndio Komoro. Ngazija yenye mlima wa moto, Mwali ndogo, Nzwani yetu yenye miteremko na karafuu, na Maore.

Nikawaeleza kama ulivyokuwa ukitueleza wewe. Kwamba watu ni wamoja, tumeoana tangu enzi za masultani. Kwamba wakati wa kuachana na Mfaransa visiwa vitatu vilitaka kuondoka na cha nne, Maore, kikachagua kubaki naye. Kwamba hata baada ya hapo watu walikwenda na kurudi kwa arusi na matanga, mpaka ilipokuja viza, ndipo Mama mdogo Hadija akabaki upande ule na wewe upande huu. Siku ya mbingu safi unauona mlima wa kwake, na kumshika mkono huwezi. Nyota nne za bendera bado tunazo.

Mzee Wafula aliitazama ile ngozi. "Kwa hivyo hiyo ya nne ni kama chumba ya nyumba yenu, lakini kifunguo iko na mtu mwingine."

Nikasema ndivyo. Hapo moyo ulinifunguka, nikawaambia yote ya Saidi. Niliwaambia na habari za Isufu, jirani yetu aliyevuka na wenzake, na mama yake mpaka leo anamwekea sahani. Hakuna aliyecheka tena. Mzee akauangalia ule mfuko wa sukari mezani.

"Hii tulileta ya matanga," akasema. "Usitufanye siku moja turudi hapa na ingine ya matanga ya kweli."

Walikataa kuchukua chochote, hata kuku. Asubuhi yake Mzee akanihamishia benchi la mbele, akanipa kazi yote ya viatu vya kwaya za makanisa aliyokuwa akiigawa nje. Ni nyingi, na nitaimaliza. Mama, nakuapia, paa la Rukia litatoka Kariokor. Pesa za saruji na nondo nitatuma kila mwezi, bila kukosa, hata nikila sukuma wiki mpaka niote majani.

Saidi, mdogo wangu, mikono yako inajua mawe, bahari haiijui. Wewe ndiye fundi wa ujenzi katika nyumba hii, si mimi. Mimi nikileta saruji na wewe uko Maore unawakimbia askari, nani atalimwaga zege? Nakuhitaji juu ya ngazi. Nakupenda, na sitaki kukutafuta ndani ya maji.

Nisalimie Shangazi, mwambie nguo yake nimeiona na nitaileta. Nisalimie mwalimu wetu wa chuoni, na shemeji mtarajiwa, asubiri kwa adabu. Mama mdogo Hadija akipiga simu, mwambieni hatukumsahau. Rukia, endelea na maneno yako mengi, huku yamenipa heshima.

Ule mfuko wa sukari nimeufunga vizuri, nimeuweka juu ya kabati. Mzee Wafula na Mama Nekesa wanasema watakuja kuinywa kwenye chai siku ya arusi. Sasa Saidi, weka karatasi chini, mtazame Mama usoni, umwambie wewe mwenyewe sukari hii ni ya nini.

Mwanao akupendaye,
Ahamadi