Vigae vya shimo la choo

Saboti, Jumamosi, Agosti 2005

Bado siamini. Wafula, mume wangu, alikuwa anachimba shimo la choo nyuma ya nyumba, jembe likagonga vigae vya chungu. Akavitupa kando. "Si ni takataka tu, bana."

Niliviosha, nikampelekea mama mkwe, ambaye amefinyanga vyungu vya kuuza sokoni Myanga tangu ujana wake. Alishika kigae kimoja, akakilamba.

"Huu udongo sio wa huku," akasema. "Ona vile unang'aa. Na sisi hatuchori mistari hivi. Kuna mtu alibeba hiki chungu kutoka mbali, mwanangu, labda akakibadilisha na kikapu cha wimbi."

Halafu akanionyesha alama ya kidole gumba ndani ya ukingo. Niliweka changu pale, kikaingia sawasawa. Miaka yote tunasema ati hapa palikuwa msitu mtupu kabla yetu!

Nilimwomba Wafula achimbe kwingine, nivipeleke vigae makumbusho Kitale. Alikasirika. Siku tatu za kazi zipotee bure, na mvua je? Na watu wa makumbusho wakija kusema shamba si letu? Hilo hata mimi naliogopa.

Mama mkwe akamwekea kigae chenye ile alama mkononi. Wafula alikigeuza, akakigeuza tena. Mwishowe alichukua jembe, akaenda kupima mahali pengine karibu na ua.

Alipofika huko aligeuka. "Mama, hao watu wa zamani walikuwa wanaitwaje?"

"Sijui, mwanangu," Mama akasema, akaanza kuvifunga vigae kwenye leso.