Saa za Mtungini

Mdogo wangu mpendwa,

Salamu nyingi. U mzima? Sisi tunapumua, Mungu ashukuriwe. Paa halivuji tena.

Mama siku zake zimekwisha. Anaishi kwa saa tulizotunza mtungini. Lakini wakumbuka tuliweka zipi? Zile tulizozichukia tu: za foleni, za homa, za jino. Ndizo anazokunywa. Jana alilia jino, na kinywani hana hata moja!

“Mlinitunzia takataka, wanangu,” akasema. Tulicheka mpaka tukalia.

Chini kabisa mtungini imebaki saa yako, uliyoimwaga humo siku ya kuondoka ili usimuage. Anasema hainywi mpaka uje. Za homa zinakwisha, nami hata kuomba nimechoka.

Nijibu upesi, hata kama huji.

Dada yako