Wimbo wa Nne

Mjomba,

Shikamoo. Najua marahaba haiji, lakini nikianza bila hiyo nitakusikia unakohoa kwa makusudi.

Mikorosho imechanua, na harufu yake inaingia hadi humu katika duka la nyimbo uliloniachia, hapa Nachingwea. Mchana nasinzia mbele ya kompyuta, na kila nikizinduka naona kama umetoka kidogo tu kwenda kuswali. Nasubiri. Halafu nakumbuka.

Wosia wako nimeushika. Ulisema pale kitandani, "Somoe, reggae zangu usiache hata moja mbovu." Basi nazipitia albamu zote ulizonakili kutoka kwenye sidii, nzima nzima, bila kubana sauti ili faili liwe dogo, jambo ambalo vijana wanaokuja kujaziwa nyimbo kwenye flashi walikucheka kwalo. Programu inalinganisha kila wimbo na nakala za watu wengine duniani. Ukifanana sawasawa inaweka alama ya kijani. Ukipishana hata chembe, nyekundu. Zako zikawa kijani tupu, nikaanza kuringa kwa niaba yako.

Kisha ile albamu uliyoipenda kuliko zote, wimbo wa nne ukaleta nyekundu. Nikaitazama sidii yenyewe, ina mkwaruzo hapohapo. Nikaenda Ruangwa kwa rafiki yako fundi redio, akanipa yake, safi, wala hakuuliza nitairudisha lini.

Kabla ya kubadilisha nikausikiliza ule mbovu. Mjomba, kumbe ulishauziba mwenyewe. Palipokwaruzika ulipiga santuri ya wimbo huohuo, ukaweka maikrofoni mbele ya spika, ukarekodi. Wewe, uliyetukataza hata kupiga chafya ukiwa unarekodi! Chini ya gitaa la besi unaimba polepole, umepotea njia ya wimbo kabisa, halafu unanong'ona: "Somoe, fukuza hao kuku."

Nililia. Nikacheka, nikarudi kulia. Niliona nikiutengeneza huu, nakuzika mara ya pili.

Lakini wosia ni wosia. Wimbo safi nimeuweka mahali pake, na albamu yako sasa ni kijani mwanzo hadi mwisho. Ule wenye sauti yako nimeuhifadhi peke yake, na siugusi. Kila nikikagua unaleta nyekundu, nami nauacha.

Pumzika, Mjomba wangu. Kuku nitawafukuza.

Mpwa wako,
Somoe