Fundi Kimya wa Kituo Chetu

3 Machi

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Natumaini goti limekupa nafuu. Sisi hatujambo, ila Baba hashikiki: kituo chetu cha televisheni kinatimiza miaka thelathini mwezi ujao. Ameniambia niandike historia yake, kisha niisome hewani, moja kwa moja. Mimi, ninayeona haya hata kupokea simu!

Picha za zamani hakuna. Marehemu Babu, aliyekianzisha, alirekodi vipindi vipya juu ya kanda za zamani, kwa hiyo miaka kumi ya kwanza imefutika. Nimebaki na daftari la zamu la chumba cha mitambo, aliloliandika Fundi Kimya. Baba anataka nimsifu sana huyo Kimya, aliyeunda mtambo wa kwanza. Akiwakasirikia mafundi wa leo huwaambia, "Kimya angekuwepo mngeona aibu!" Juzi alitangaza kwenye taarifa ya habari kwamba anayejua alipo Kimya atupigie.

Lakini Shangazi, nimelaza barua yako kando ya daftari la Kimya. Mwandiko ni mmoja. Baba unampigia simu tu, humwandikii, labda ndiyo maana hakugundua. Niambie ukweli.

Binti yako

19 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Goti linalalamika lakini linatembea. Umenikamata.

Nilikuwa na miaka ishirini, ndiyo kwanza nimemaliza kusomea ufundi. Mtambo niliuunda jikoni usiku, mnara nikaupanda mwenyewe nikiwa nimevaa suruali ya Babu yako. Wafanyabiashara wakaja kututazama kabla ya kutuletea matangazo yao. Mmoja akaniona na bisibisi, akacheka: "Mzee, hii ni televisheni au mchezo wa watoto?" Kesho yake Babu akawaambia ameajiri fundi hodari aitwaye Kimya, ila hapendi kuonekana. Watu wakamletea Kimya salamu, soksi, na posa mbili za kumtaka aoe binti zao! Babu naye akawa anagonga mlango wa mitambo: "Kimya, ruhusa?" Tulicheka hadi tukashika mbavu.

Baba yako alikuwa na miaka tisa, akidhani kila asubuhi mimi bado naenda chuoni. Alikuwa akiacha chai mlangoni, akikuta kikombe kitupu anatamba siku nzima. Nani angekuwa na moyo wa kumwambia? Nilipoolewa na kuondoka, Babu akasema Kimya amestaafu.

Usiseme hewani. Mdogo wangu ameshamtangaza Kimya. Ataonekana mjinga mbele ya mji mzima. Mimi nimeshazoea.

Shangazi yako

11 Aprili

Shangazi,

Shikamoo, na unisamehe. Niliandika historia mbili, moja ya Kimya na moja yako. Ile ya Kimya nilikwama kila nikijaribu kuisoma. Ile yako ilitoka yenyewe.

Sikutaka kumshtua Baba hewani, kwa hiyo jana asubuhi nikampa zote mbili. Akasoma akiwa amesimama. Akaniuliza, "Hata ule mnara?" Nikasema hata mnara. Akaingia chumba cha mitambo, akafunga mlango, akakaa humo karibu saa nzima.

Muda ulipofika akamwondoa mpiga picha, akashika kamera mwenyewe. Akaniambia, "Soma ya dada yangu." Nikasoma, Shangazi. Nilisoma habari za mnara, jikoni, daftari, miaka yote uliyotuweka hewani, na sauti yangu haikutetemeka isipokuwa kwenye zile posa, maana hapo nilicheka.

Nilipomaliza, Baba akaja mbele ya kamera. Akasema, "Mimi ndiye niliyetangaza kumtafuta Kimya. Msipige simu tena. Nilikula naye sahani moja utotoni na sikumjua." Studio nzima ikapiga makofi. Simu hazikukatika mpaka jioni. Mama mmoja alilia, mzee mmoja akauliza kama ile posa yake bado inafikiriwa.

Matangazo yetu hayafiki huko kwako, ndiyo maana nakuandikia kila kitu. Mtambo mpya umeletwa, bado uko kwenye makasha. Baba amekataa usifungwe. Anasema anakusubiri wewe.

Binti yako

18 Aprili

Mwanangu,

Marahaba, na marahaba tena. Barua yako nimewasomea majirani wote, hata wasioniuliza.

Nafika Jumamosi. Mdogo wangu asije kunipokea stendi. Nitamkuta chumba cha mitambo. Mwambie asiguse makasha. Na wale mafundi wake wajiandae, nitauliza maswali.

Shangazi yako, fundi